Waonayo Huwa Siri

Jumamosi, 28 Septemba

Leo umuganda, kazi ya pamoja ya kila mwisho wa mwezi. Tumezibua mtaro ulio mbele ya duka langu, maana mvua za umuhindo, yaani vuli, zinakuja na mwaka jana maji yaliingia mpaka chini ya cherehani. Mimi nilishika sepetu kwa heshima zote. Aliyechimba ni Kalisa.

Kalisa ni jirani yangu, ukuta kwa ukuta. Mimi nashona, yeye anauza misumari na mabomba. Alizaliwa ukimbizini Uganda, akarudi na Kiingereza, wokovu, na Kiswahili ambacho hata mwenyewe anakionea huruma. Ni mzee wa kanisa lake. Mimi ni Mwislamu wa Biryogo, mtaa wetu huu, mjukuu wa mtu aliyetoka pwani kuuza kaniki. Kwa miaka kumi na nane kila mmoja amekuwa akisubiri mwenzake asilimu au aokoke, na chai tunakunywa pamoja.

Baada ya kazi mkuu wa mtaa alitangaza ugonjwa. Jina lake Marburg. Homa, kutapika, halafu damu. Unawakamata sana wanaofanya kazi mahospitalini. Tusipeane mikono tena. Watu wakaitikia vizuri, kisha wakaagana kwa mikono.

Jumatatu, 30 Septemba

Mvua. Hakuna mteja.

Jumatano, 2 Oktoba

Belyse alipita dukani. Belyse ni mshauri wa afya wa mtaa wetu, yule anayepima watoto uzito na kutuuliza maswali ya aibu bila kuona aibu. Anataka nitunge shairi la Kiswahili juu ya ugonjwa huu. Anasema tangazo la Kinyarwanda watu wa Biryogo wanalisikia kama habari za hali ya hewa, lakini kwa Kiswahili wanasikia kama wanasemeshwa na nyanya yao. Kweli. Kwetu Kiswahili ni lugha ya msikitini, ya sokoni, na ya kutukanana kwa mapenzi.

Mimi si mshairi mkubwa. Natunga za harusi, natunga za matanga, na nikilipwa vibaya natunga fupi. Hata jina langu, Maneno, nilipewa kabla sijajua kusema, kwa hiyo kosa si langu.

Alitaka mambo matatu yaingie: kunawa mikono, kutowatembelea wagonjwa, na kutomgusa maiti kabla ya kuwapigia simu watu wa afya.

Alhamisi, 3 Oktoba

Nimemaliza. Beti tisa. La kunawa limekaa vizuri:

Sikilizeni jirani,
ugonjwa u mlangoni,
tuweke sabuni ndani,
maji yakitiririka.

La simu lilinitesa. Simu haina ushairi hata kidogo. Mwisho nikaliweka la tisa, likae mkiani:

Kabla hujashika mwili,
piga simu mara mbili,
waje wenye serikali,
ndipo atapozikika.

Mke wangu Mugeni aliuliza kwa nini mara mbili. Nikamwambia ni kwa sababu ya kina. Mugeni anashona katika kiwanda kimoja kule Masoro, mikono mia tatu ya shati kwa siku, na hana subira na watu wanaotafuta vina. Akasema kama mtu ana maiti ndani, mara moja inatosha.

Katikati nimeongeza ubeti ambao Belyse hakuuomba. Ni wa waosha maiti. Dada yangu Mukunde angeniuliza, "Na sisi je?", na dada yangu akiuliza ni heri uwe na jibu:

Mama zetu wenye heri,
waoshao kwa uzuri,
waonayo huwa siri
hata tutapofufuka.

Jumamosi, 5 Oktoba

Wamelisoma kwa kipaza sauti kutoka juu ya gari, mtaa kwa mtaa. Nilikuwa ninapiga pasi suruali ya mteja na nikaunguza mshono kwa kiburi. Watoto tayari wanaimba ubeti wa kwanza wakinawa kwenye ndoo. Wazee wameushika ule wa waosha maiti. Muuza chapati alinikatalia pesa.

Ubeti wa tisa sijausikia kwa mtu. Mwenye kipaza sauti alikuwa anakohoa alipoufikia.

Mukunde alikuja jioni, akakaa kwenye stuli yake ya siku zote. Ni dada yangu wa tumbo moja, mjane, miaka sitini na ushee. Wanawake wa nusu ya Biryogo amewaosha yeye, na nusu iliyobaki inamsalimu kwa adabu sana. Hajawahi kutoa neno juu ya aliyoyakuta kwenye mwili wa mtu. Ndivyo alivyofundishwa: anayefunika aibu ya maiti, Mungu humfunika yeye. Zamani nilimuuliza kama ni kweli marehemu fulani alikuwa na chale za mganga kifuani. Akanimiminia chai, akaniuliza habari za watoto.

Leo alisema, "Mdogo wangu, umetuweka mahali petu." Kwa Mukunde, hiyo ni hotuba.

Jumapili, 6 Oktoba

Kalisa ametoka kanisani na viganja vinang'aa. Pasta wao amewapaka mafuta kila mmoja, ugonjwa usipate pa kushika. Nikamuuliza kama misumari nayo amepakwa, isipate kutu. Akacheka, akasema, "Maneno, wewe iko na shairi, mimi niko na mafuta. Tuone nani atateleza."

Jumanne, 8 Oktoba

Mvua usiku kucha. Mtaro umehimili.

Alhamisi, 10 Oktoba

Uwera amefariki. Hakufika hata miaka thelathini. Alikuwa mfagizi katika kliniki moja upande wa Nyarutarama, binti ambaye kila Idi aliniletea kitambaa siku moja kabla na kunilaumu kwa kuchelewa. Alilala kwao siku chache. Mama yake alisema ni vidonda vya tumbo, anavyo tangu shule. Tukaitikia wote, maana vidonda vya tumbo ni maradhi ya heshima, hayana maswali.

Mukunde aliitwa alfajiri pamoja na Gahongayire, mwanamke aliyesilimu alipoolewa na ambaye Mukunde anamfundisha kazi ya kuosha. Mama Uwera mwenyewe alimwaga maji. Tulimzika alasiri kwenye matope. Hakuna aliyepiga simu, mara moja wala mara mbili.

Uani kwa wanaume mzee mmoja aliusoma ubeti wangu, waonayo huwa siri. Watu walitikisa vichwa kwa kuafiki. Nami nilitazama chini kwa unyenyekevu, huku nimejaa kama kibofu.

Ijumaa, 11 Oktoba

Mukunde alikuja bila kanga yake ya kijani. Anasema ameichoma, ilichakaa. Dada yangu hachomi nguo. Kitambaa cha vyombo anakitia kiraka, na kiraka anakitia kiraka.

Sikuuliza zaidi. Nilimimina chai.

Jumapili, 13 Oktoba

Belyse alitukuta wote wawili dukani. Mtu mmoja wa kliniki ile ya Nyarutarama amepimwa, anao. Sasa wanamtafuta kila aliyefanya kazi naye, na Uwera wamemkuta kaburini. Belyse alisimama mlangoni, mwavuli unamtiririka, akauliza taratibu sana kama aliyemwosha aliona chochote. Damu, kwa mfano.

Mukunde alisema, "Nilimwona mtu amelala."

"Mama, hata kidogo tu? Puani, kwenye fizi?"

"Binti, nimekujibu."

Belyse akanigeukia mimi. Nilikuwa natia uzi kwenye sindano, na sijawahi kuona tundu la sindano likiwa dogo vile. Nilisema mimi nilikuwa kwa wanaume. Ni kweli, nilikuwa kwa wanaume.

Alituandika tuwe tunapimwa joto kila asubuhi, kwa vile tulikwenda mazishini. Waliouosha mwili wenye ugonjwa wana orodha yao nyingine, ya kutengwa. Bila neno la mwoshaji, Uwera anabaki mgonjwa wa tumbo. Waliomuuguza na waliomshika wanabaki watu wa kawaida, wanaonunua nyanya na kubeba wajukuu. Gahongayire ana mtoto wa kunyonya.

Mukunde aliondoka bila kumaliza chai.

Jumatatu, 14 Oktoba

Nimekwenda kwa Shehe Mutsinzi baada ya adhuhuri. Nilimzungukia kwanza, nikamuuliza habari za paa la madrasa linalovuja, maana mimi nikiwa na jambo zito huanza na paa. Akaniacha nizunguke mpaka nikachoka. Ndipo nikamuuliza: siri ya mwoshaji, je, inabaki siri hata ikiua?

Akasema stara ni kwa ajili ya aibu. Maiti akikutwa na alama mbaya, mwoshaji anafunika, kwa sababu yule hawezi tena kujitetea. Lakini maradhi si aibu. Anayekufa kwa tauni akiwa na subira, tumefundishwa kwamba ana daraja la shahidi. "Sasa ni nani anayemfichia shahidi ushahidi wake?" akasema.

Nikamwomba alitangaze hilo Ijumaa mimbarini. Akasema atalitangaza. Kisha akasema kitu ambacho sikukitaka. Alisema Ijumaa ni mbali, na kwamba Mukunde hatamsikiliza shehe kabla ya kumsikiliza aliyeuweka ukimya wake kwenye wimbo. "Watu wananukuu ubeti wako kuliko hotuba zangu," alisema. Hakuwa anasifu.

Jumanne, 15 Oktoba

Nilikwenda kwa Mukunde asubuhi, kabla ya kufungua duka. Mvua ilikuwa inapiga bati, ikabidi niseme kwa nguvu maneno ambayo mtu hunong'ona. Nilimweleza ya shehe. Alikuwa anachambua mchele, akaendelea kuchambua.

"Shehe hakuwapo," alisema. "Mimi nilimshika mkono yule mtoto. Nilimwambia, Uwera, nitakusitiri. Wewe unataka nimwambie nini sasa?"

Nikasema Uwera hasikii, lakini Gahongayire ananyonyesha.

Mkono wake ukasimama kwenye mchele.

"Si ni wewe uliyetunga? Hata tutapofufuka. Umesahau?"

"Dada, nilikuwa natafuta kina."

Nimeandika mambo mengi ya kijinga maishani, lakini sijawahi kusema neno dogo kama lile kwa mtu mkubwa kama yule. Alikuwa na haki ya kunipiga kwa ungo. Badala yake akafunga mchele kwenye mfuko, akasema, "Mwite Belyse. Na wewe ubaki, usikie ulichokiimba."

Belyse alipokuja, Mukunde aliketi akatazama ukuta, akatupa mgongo. Akasema yote mara moja, bila kupumzika, kama mtu anayemwaga maji machafu mbali na nyumba. Fizi zilitoka damu. Pua nayo. Pamba iliisha, wakachana shuka. Macho yalikuwa mekundu. Yeye alishika kichwa, Gahongayire alishika miguu, Mama Uwera alimwaga maji na kumbusu mwanawe kwenye paji la uso. Hawakuvaa mipira ya mikono. Mukunde hajawahi kuosha maiti kwa mipira, anasema mtu si sufuria.

Belyse aliandika, akamshukuru, akatoka nje kupiga simu. Mukunde hakugeuka. "Nimemvua," alisema kwa ukuta.

Mchana gari likaja kwa Gahongayire na kwa Mama Uwera. Mtaa mzima ulitoka kutazama chini ya miavuli.

Jumatano, 16 Oktoba

Mama Uwera amewekwa peke yake, anaangaliwa, haumwi. Lakini kuna simu, na ujumbe umefika Biryogo kabla ya jua: Mukunde amemvua mwanangu mara ya pili, na safari hii barabarani.

Mukunde aliusikia dirishani kwake. Naye sasa hatoki, ameambiwa ajitenge humo humo, kwa vile anaishi peke yake.

Alhamisi, 17 Oktoba

Wateja hawaji. Kuna bwana harusi wa Kabuga ambaye suti yake ninayo, hataki hata kuipitia kwa pikipiki. Kipima joto kimeniambia niko sawa.

Kalisa ameleta kiti chake akakiweka ng'ambo ya mtaro, akaketi kunielekea. Amekaa hivyo siku nzima, ananisomea habari za mpira kwa sauti kubwa, zote kwa Kiswahili chake, na wachezaji wote amewabadilisha majina. Mafuta ya viganjani hayataji tena. Nilikuwa namwona mtu wa kelele.

Ijumaa, 18 Oktoba

Shehe alisema mimbarini aliyoahidi. Alisema vizuri.

Mukunde ana homa.

Jumamosi, 19 Oktoba

Wamemchukua. Nilisimama mbali walipomtoa. Alijifunga kanga vizuri, akapanda mwenyewe, akakataa kushikwa mkono na wale waliovaa kama wapulizia dawa mashambani. Mlangoni aligeuka akaniambia kwamba mchele uko kwenye mfuko, umeshachambuliwa, nisiuache upate wadudu.

Jumapili, 20 Oktoba

Leo hospitalini wamepokea simu yangu. Anatapika. Anauliza habari za Gahongayire.

Jumatatu, 21 Oktoba

Gahongayire naye ameshikwa na homa. Lakini yuko mikononi mwa madaktari tayari, amepewa dawa tangu joto la kwanza, na mtoto yuko kwa nyanya yake, mzima. Belyse alinieleza hili mara mbili, akihakikisha nimelisikia. Nimelisikia.

Jumatano, 23 Oktoba

Mvua. Mugeni ametoka Masoro kwa miguu nusu ya njia, mtu mmoja kwenye basi alimtambua kuwa ni wifi ya Mukunde. Hakulalamika. Alikaanga vitunguu, akasema moshi unamchoma macho.

Ijumaa, 25 Oktoba

Dada yangu amefariki asubuhi.

Jumamosi, 26 Oktoba

Wali wa mchele wake sikuweza kuula. Niandike tu.

Tuliruhusiwa wachache, tusimame mbali na kaburi. Tulikuwa mimi, Mugeni, Shehe Mutsinzi, Belyse, na Kalisa, aliyekuja na viatu vya kanisani akavizamisha matopeni mpaka kwenye kamba. Watu wa afya walimleta kwenye mfuko mweupe uliofungwa. Sanda nilimkatia mimi, jana, kwa mkasi wangu mzuri. Nilichukua urefu kwa kukisia, maana dada yangu sikuwahi kumpima, nguo zake alishona mwenyewe akisema mishono yangu inakimbia. Niliwapa sanda ile na karafuu maiti. Kijana mmoja wao akaniambia kwa adabu, kutoka mbali, kwamba haiwezekani, mfuko haufunguliwi.

Kwa hiyo hakuoshwa. Aliyewaosha wale wote, maji ya mkunazi, maji ya kafuri, upande wa kulia kwanza, kucha kwa kucha, hakupata hata kikombe kimoja. Shehe alimwelekeza yule kijana tayamamu ya maiti: apige mikono yake yenye mipira juu ya udongo mkavu, apitishe juu ya mfuko, mahali pa uso, kisha mahali pa mikono. Udongo mkavu haukuwapo, mvua haijakatika wiki nzima. Kalisa aliondoka bila kusema, akarudi na kopo la mchanga kutoka kwenye ghala lake la saruji. Kijana akaupiga mchanga ule, akapitisha. Alifanya polepole. Simjui jina wala sura, nilimwona miwani tu, lakini alifanya kama mtu aliyefundishwa na Mukunde.

Tuliposwali, Kalisa alibaki nyuma yetu amevua kofia, mvua inamwingia kichwani.

Tukirudi, watoto walikuwa wananawa kwenye ndoo. Sikilizeni jirani. Mugeni alinishika kiwiko akanivusha haraka.

Jumamosi, 2 Novemba

Nimetunga ubeti mpya juu ya kusema. Nimempa mwenye kipaza sauti. Akaniambia ni mzuri ila hauimbiki.

Jumanne, 12 Novemba

Gahongayire amerudi. Amekonda, nywele zinamtoka, mtoto alimkataa kwanza, halafu akamkubali. Alipita mbele ya duka, akasimama ng'ambo ya mtaro. Kisha akasema Mukunde alimwita kupitia ukuta wa pazia kule walikolazwa, akawa anamsahihisha jinsi ya kukafini, hatua kwa hatua, mpaka sauti ikamwishia. "Alikuwa bado ananifundisha, kaka," alisema.

Jumapili, 17 Novemba

Mama Uwera yuko nyumbani, mzima. Nilimsalimu. Alinipita.

Jumatano, 4 Desemba

Mvua zinapungua. Mtaro uko mkavu, umejaa majani.

Ijumaa, 20 Desemba

Wametangaza kwamba umekwisha. Watu wamepeana mikono barabarani kama Idi. Kalisa alinipa wake juu ya mtaro, akaushikilia. Mkono wake ulinuka kutu. Tulisahau kuachiana mpaka mteja akakohoa.

Jumatatu, 23 Desemba

Leo amekufa Bi Zainabu wa karibu na msikiti, miaka tisini, usingizini. Kifo cha kawaida. Tulikuwa tumesahau kwamba bado kipo.

Familia ilipiga simu kwanza. Belyse akaja, akaangalia, akasema waendelee. Wakamwita Gahongayire. Alivaa mipira. Alipoomba sanda nilimpelekea ile niliyomkatia dada yangu, imekaa kwenye rafu tangu Oktoba na karafuu zake. Bi Zainabu alikuwa mfupi, ikabidi ikunjwe.

Tulikaa uani, wanaume upande huu, wanawake upande ule. Mzee yule yule akaanza ubeti wangu. Mama zetu wenye heri. Nilitaka kumzuia, nikakosa kwa kuanzia. Alipokaribia kufika kwenye siri, mlango wa chumba ulifunguliwa.

Gahongayire alitoka na mikono imelowa. Waosha maiti hutoka kimya, huenda moja kwa moja kwenye ndoo, na watu huwapisha bila kuwatazama. Yeye alisimama kizingitini, akangoja mzee anyamaze. Akasema, kwa sauti ya kutosha uani pote:

"Nimeona mwanamke mzee aliyechoka. Damu hakuna."

Wanawake wawili walisimama wakatoka, mmoja akisema hii si adabu, kwamba zamani haikuwa hivi. Mama Uwera alikuwa amekaa karibu na mlango. Alivuta kanga usoni. Nilidhani naye ataondoka. Hakuondoka. Alisogea kidogo kwenye mkeka, akaacha nafasi, na Gahongayire alipokwisha kunawa akaja akaketi pale.

Mzee akanitazama mimi, kama anauliza aendelee au asiendelee. Nikatikisa kichwa kwamba basi.

Sijui kama ninaupenda mtindo huu mpya. Nikifa, kuna chale moja mgongoni ambayo ningependa ibaki kati yangu na Mugeni. Lakini mlango ulipofunguliwa, kabla sijamwona ni nani, nilikuwa nimekwisha kusogea kwenye benchi ili dada yangu apite.